Kigelegele Yangu mu Piano ya Shemegi

Mimi niko na sauti yenye kuvunjika. Nikipiga kigelegele inapanda, inafika pale juu, inavunjika kidogo, kisha inapanda tena, sawa mutu anapanda kilima na anateleza mbele ya kufika. Mama yangu alikuwa nayo ile ile. Pale kwetu Butembo, jirani akiwa nyuma ya nyumba anafua nguo, akiisikia tu anajua ni nani na anauliza: kuko mariage kwao, ao mutoto amezaliwa? Mu chorale balinipendaka juu ya ile. Na mimi nilijipendaka, eh, sitaficha. Kuna benye kujivunia meno, kuna benye kujivunia nywele. Mimi ilikuwa kigelegele.

Sasa musikie vile ilinipatisha haya mbele ya avenue muzima ya Beni.

Ilikuwa wakati ya vita. Musiniulize vita ya ngapi, juu kwetu ilifuatana sawa mvua ya Butembo, moja haijaisha na ingine imeanza. Bwana yangu alikuwa Manguredjipa, kutafuta zahabu. Alienda kwa wiki mbili tatu hivi, barabara ikafungwa, akabakia kule. Donc nyumbani ilikuwa mimi na batoto, na shemegi yangu, mudogo ya bwana, anapitaka kula.

Ule shemegi alikuwa mutu ya piano. Piano ya umeme, ile banaitaka synthé. Alianza kuipiga ku misa, kisha ku bamariage, kisha popote penye banamuita. Sasa kuko mufanyabiashara moja alimuletea ingine mupya toka Kampala, na hii ilikuwa na bintu mbili bikubwa. Moja, ilikuwa na kinywa ya kumeza disketi. Pili, ilikuwa na tundu ya mikro, unasema kitu mule, piano inaishika, inaiweka ku bidole ya piano, bile bibonyezo. Unagusa hapa, kile kitu kinatoka.

Alikuja nyumbani nayo, amefurahi, hata bugali haikupita. Akanionyesha. Mule ndani Bazungu balitia sauti yabo: trompete, violoni, harmonium, hata mulio ya ndege. Nikamuambia ni muzuri. Yeye akasema ni muzuri, mais hakuna hata moja ya kwetu. Anapiga wimbo ya Banande na trompete, ni sawa kula sombe, majani yetu ya muhogo, na dawa ya meno.

Basi akaanza kutembea na mikro yake anakamata sauti. Alienda kwa muzee moja mwenye kupiga endara, ile mbao zetu zinapangwa juu ya mugomba na kupigwa na fimbo. Muzee alikuwa tayari, amevaa koti, anataka kupiga wimbo muzima. Shemegi anamuambia hapana, papa, piga ubao moja, unyamaze. Sasa wa pili, unyamaze. Muzee alikasirika. Akamuambia kama unataka wimbo, kaa hapo. Kama unataka kuni, uende mu pori. Mais akapiga. Kisha shemegi akakamata mvua juu ya mabati yangu, na mutwangio yangu mu kinu ya sombe. Na siku moja akaniita yaya, sawa dada yake mukubwa, akasema leo ni wewe.

Mimi nilienda kuvaa kikwembe mupya. Akacheka, ananiuliza kama mikro inaona. Nikasema nyamaza, sauti inajua kama mutu amevaa bizuri. Groupe ya jirani, ile mashini ya kutoa umeme, ilikuwa inaunguruma, alituvutia kamba ya courant. Nikasimama, nikapiga moja tu, vile alitaka.

Akagusa kidole, na mimi nikatoka mu bafle, ile spika yake. Mimi muzima, na ile kuvunjika. Akagusa upande ya kuume, nikatoka tena, mais kidogo, sawa vile ningekuwa na miaka sita. Akagusa kushoto kabisa, ikawa sawa ngombe dume yenye kuumwa tumbo. Binti yangu mukubwa alikuwa pale, alicheka mpaka akalala chini. Tulishinda pale tunaigusa. Sitadanganya, ilikuwa siku muzuri kuliko mingi ya ile mwaka.

Ule binti njo habari yote. Alikuwa na muchumba, kijana ya Beni, fundi ya mbao, mutu ya kutulia. Familia yake ilikuwa imekuja kwetu mara ya kwanza kujijulisha, mbuzi zilikuwa zimeongelewa, na siku ile, wakati balitoka mu gari, niliwapokea na kigelegele, njo desturi. Shangazi ya kijana, mama munene wa kuuza makayabu, samaki ya chumvi, alisimama mu mulango akasema: hii sauti, hata mukinifunga macho nitaijua. Ilinipendeza. Ningejua.

Shemegi naye, siku ya Posho, njo Jumamosi, alikuwa anaendaka Beni kupiga ku nganda moja, baa penye basoda, bale ba jeshi, balikunywaka. Njo kule kulikuwa kazi, chorale hailipi. Na wimbo ikifika ku sebene, pale penye miguu inaanza kujitembeza yenyewe, alikuwa anagusa ile kidole. Kigelegele. Tena kigelegele. Inaharakisha na guitare, inapanda na wimbo. Basoda balipenda mingi. Hakuniambia. Hakunificha pia, kwake ilikuwa kidole, sawa kidole ingine ya trompete.

Sasa ile nganda, mbele yake, ng'ambo ya barabara, ni nani alikuwa na meza ya makayabu? Shangazi.

Posho ya kwanza alisikia, akasema nimechoka. Posho ya pili akaacha meza, akaenda paka ku mulango. Rido, ile pazia ya mulango, ilikuwa imefungwa, ndani ni basoda, mwanamuke wa heshima haingii. Akasimama kusikiliza. Kisha akarudi kwao akasema: mama wa yule binti anakuja kila Posho kuchezea basoda hapa, bwana yake akiwa Manguredjipa.

Mimi sikujua kitu. Paka siku mutu wao wa kati, yule alikuwa anabeba maneno ya mariage, alifika kwangu. Nikamupa kiti, nikamupa kasiksi, pombe yetu ya ndizi. Kasiksi akaiacha chini. Mutu wa Munande akiacha kasiksi, ujue kuko kifo ao kuko matata. Akazunguka, akauliza mihogo, akauliza barabara. Kisha akasema familia inauliza, siku ya Posho mama analalaka wapi.

Nikasema: «Mu kitanda yangu. Ungetaka nilale mu ya nani?»

Hakucheka. Akatoa yote. Nikamuita shemegi, akaeleza, disketi, mikro, kidole. Yule mutu akasikiliza bizuri, akaenda nayo Beni, na jibu ikarudi. Na ile jibu, hata leo ninaiheshimu, juu shangazi hakuwa mujinga. Alisema: mimi ninajua kaseti. Niko na radio, niko na kaseti. Kaseti inaimba vile iliimba jana, mwanzo paka mwisho. Ile mwanamuke wa nganda hapana. Wimbo ikienda mbio, naye anaenda mbio. Wimbo ikipanda, anapanda. Mupiga guitare akikosea akaanza upya, naye anaanza upya. Kaseti haina masikio. Nyuma ya ile rido kuko mutu.

Mungemujibu nini? Hata mimi mwenyewe nikaanza kujiuliza kama sikuendaka.

Haya ilinikamata tangu pale. Ku soko nilikuwa naona sawa kila mutu anaangalia miguu yangu kama iko na vumbi ya Beni. Ku chorale nilikaa nyuma. Lakini ile ilinimaliza ni binti. Tulikuwa tunachagua maharagi, hakuniangalia, akasema:

«Mama, bakinikataa juu yako, hakuna mwingine atakuja. Nani anaoa kwa mama wa nganda?»

«Sijaenda kule, mwanangu.»

«Mimi ninajua. Mais ni mimi njo nitajioa?»

Basi tukaamua kwenda Beni, mimi, shemegi na piano. Tukaifunga mu blanketi sawa mutoto, tukaipandisha mu gari juu ya bashu, mizigo ya kabeji. Kila barrière basoda banafungua blanketi, banaangalia, bananiambia nicheze. Nilikuwa nasema haina courant. Moyoni ninasema, hii piano imeshacheza ya kutosha.

Kwa bakwe balitupokea na salamu ya mukono, bila kukumbatia. Mu salon kulikuwa baba ya kijana, bajomba, kijana mwenyewe anaangalia kucha yake, na shangazi ku kiti ya katikati. Balitafuta groupe kwa jirani. Nafasi ilikuwa kidogo, shemegi akaweka bafle ku dirisha, uso ku barabara. Hakuna mutu alifikiria ile bafle. Akaingiza disketi. Na ile disketi haikuharakishaka: inakwaruza, inanyamaza, inakwaruza. Sisi bote tunaangalia kile kisanduku sawa mutu mugonjwa.

Shangazi akasimama, akaingia jikoni, akarudi na kikombe ya maji. Akanipa. Akasema niweke mu kinywa, nisimeze, nisiteme, paka yeye aseme. Kama maji iko mu kinywa na sauti inatoka, ataamini. Kama maji imeisha, kila mutu atajua.

Nilikuwa na bukubwa wangu, batoto kubwa, na ninawekwa maji mu kinywa mbele ya bakwe sawa mutoto amesema uongo. Nikaangalia chini. Nikakubali. Mashavu ikajaa, na ninasikia bajomba banajizuia kucheka.

Shemegi akagusa. Nikatoka ku bafle.

Nikainua macho. Baba ya kijana alikuwa anaangalia kinywa yangu, kisha bafle, kisha kinywa. Shemegi akagusa ile kidogo, akagusa ngombe. Bajomba sasa balicheka kabisa, kijana pia. Na mimi ningecheka, mais maji. Niliikaza, machozi ikatoka.

Shangazi hakucheka. Akasema mutu anaweza kuwa na ufundi mu mikono yake, anataka aguse mwenyewe. Akakaribia, akapanguza kidole ku kikwembe, akachagua, akabonyeza. Na hakuachilia.

Hapo njo niseme kitu yenye shemegi hakutueleza. Ile sauti ukiigusa kidogo inatoka kidogo. Ukiishikilia, piano inarudia pale katikati, tena na tena, haivuti pumuzi. Kigelegele yenye haivuti pumuzi siyo tena kigelegele. Ni mwanamuke anauawa.

Na mujue ilikuwa Beni, wakati ile. Batu ya Kamango, batu ya Mbau, bengi balikuwa bamekimbilia mule mu quartier, banalala na viatu. Kwetu mwanamuke akilia ya kuendelea, mutu hangoji kuuliza. Mwenye anasikia naye analia, ili wa mbele asikie, na bote banatoka.

Inje kulinyamaza mara moja. Kisha nikasikia jirani wa kwanza amepokea. Kisha mwingine mbali. Kisha miguu. Shemegi akasema: «Tantine, toa kidole.» Mais shangazi alisikia kelele inje, woga ukamukamata, na mutu wa woga anashikilia kile iko chini ya mukono. Akabonyeza zaidi. Ku dirisha nikaona mwanamuke anapita na chungu ya maharagi yenye moto, mwingine na matelas ya kulalia ku kichwa, mbuzi ya mutu inaburuta kamba yake.

Na mimi niko na maji mu kinywa. Ningeitema, ningepiga kelele, hapana, ni piano, mukae. Nikafikiria binti mu maharagi. Nikafikiria bajomba bakisema, muliona, alitema. Nikaishikilia. Nilisimama pale mashavu imejaa, na avenue inakimbia sauti yangu.

Shemegi akavuta kamba ya courant. Bafle ikakufa. Na inje kilio ikaendelea, juu sasa ilikuwa mu binywa ya batu.

Nikameza. Tukatoka sisi bote mbio, tunaita murudi, hakuna kitu, murudi. Nani anarudi akiitwa? Akiitwa anakimbia zaidi. Tulibakuta bengine ku barabara kubwa, bengine balishaingia mu mashamba. Mama moja alibeba mutoto wa jirani na akaacha wake amelala, alipoona uso ya ule mutoto ku mugongo aliketi chini. Muzee moja, jirani wa ukuta na bakwe, aliangukia mu mufereji, muguu ikageuka bibaya.

Basoda bakafika, watatu hivi, na bunduki. Batu bakazunguka. Mukubwa wabo alisema Lingala, akauliza ni nani amelia. Niliangalia shangazi, aliangalia viatu yake. Baba ya kijana aliangalia mbali. Shemegi akafungua kinywa, mais nikajua, akisema piano, banaipeleka.

Nikasema: «Ile sauti ni yangu.»

Soda akanikaribia. «Mama, yo nde ogangaki? Ni wewe ulilia? Juu ya nini?»

Nikasema tulikuwa ku mambo ya mariage. Akanitazama toka kichwa paka viatu, mutu sawa mutoto yangu. Akasema mama muzima sawa mimi, nijifunze kufunga kinywa. Bakaenda.

Wale bamama sasa bakabakia na mimi. Yule wa chungu alikuwa na maharagi ku kikwembe yote, ameungua mukono. Hakupandisha sauti hata. Akasema: «Batoto yangu balikuwa bamesahau kukimbia. Tangu Mbau balikuwa bameanza kusahau. Wasingya, mama.» Asante ya Kinande, ananipa ile. Angenipiga kofi ningeshukuru.

Tukarudi nyumbani kwa bakwe. Shangazi akaingia kwake, akatoka na kapu ya makayabu yenye angeuza, akaniambia nimufuate. Nyumba kwa nyumba. Anagonga, anaweka samaki, anasema samahani, na mimi nyuma yake nimejifunika kikwembe ku kichwa. Bengine balichukua, bengine balifunga mulango. Kwa yule muzee wa muguu akapiga magoti, mama munene vile, akasema: «Papa, sauti ni ya mukwe wangu, mais kidole ilikuwa yangu. Ye alikuwa na maji mu kinywa, ni mimi nilimupa.» Muzee akatuangalia sisi wawili. Akauliza sauti gani inapigwa na kidole ya mutu mwingine. Akasema tumusogezee mutu wa kunyosha muguu.

Ku mulango shangazi akanishika mukono. Akasema binti aje, hata kesho. Donc mariage ilipona. Sitasema hapana, nilirudi Butembo na neno muzuri. Ile kidole shemegi aliifuta mwenyewe mu disketi, alinionyesha kama imefutika: akagusa, piano ikanyamaza.

Siku ya kuchukua bibi arusi ikafika. Bwana yangu alikuwa ameshapata njia ya kurudi, amekonda, amevaa suruali ya kuazima. Beni balikuja na camion, lori kubwa, na siyo familia tu. Batu ya ile avenue balijaza camion. Nilibaona banashuka mu kiwanja yangu, yule mama wa chungu, yule wa mutoto, na yule muzee, banamushika mikono mbili, ana fimbo. Balimuweka mbele kabisa, penye kuko kivuli.

Binti akatoka ku mulango. Kwetu, pale, mama njo anapiga. Bote banangoja, mama akipiga bamama bengine banapokea, bibi arusi anateremuka. Nikavuta pumuzi. Nikafungua kinywa. Macho yangu ikakutana na ile muguu ya muzee, bado imefungwa na vitambaa, na sauti ikakataa kutoka. Nikafunga kinywa. Bote banangoja. Binti akageuka kuniangalia, mara moja, tena mara ya pili. Shangazi akaona, akajaribu yeye, ikatoka sawa kuku mutu amekanyanga. Batu bakacheka, ngoma ikaanza, akaenda.

Ilipita miezi, binti akaja kunitembelea, tumbo imeshaonekana. Tulikuwa jikoni, tunaondoa viazi maganda. Akauliza kama siku ile nilikuwa na hasira na yeye. Nikasema hapana, mwanangu, ilikuwa haya. Nilikuwa naona yule muzee, nikasema moyoni, nikipiga atafikiria muguu yake, bote batafikiria ile siku.

Akaacha kisu.

«Mama, bale balikuja juu ya kigelegele yako. Mu camion, barabara yote, muzee alikuwa anabaambia: nilivunjika muguu juu ya ile ya piano, leo ninaenda kusikia ya mwenyewe. Karibu ya kufika alibanyamazisha bote ku camion, isije ikamupita.»

Nilikuwa na kiazi mu mukono. Niliendelea kuikata maganda, kuikata, mpaka binti akanishika akaniambia, mama, imeisha.